Siku Niliyoitia Plastiki Leseni ya Baba

Nitawaambieni hii mara moja tu, na mkicheka mcheke kwa adabu, kwa sababu kuna watu mjini humu (sijui majina yao, lakini walikuwa mstari mzima hadi nje ya mlango) wanaonijua kama yule msichana aliyemng'oa babake uso mbele ya serikali. Hawajakosea. Nilimng'oa, na mkasi ulikuwa mkononi mwangu.

Nyumbani kwetu Mowlem mimi ndiye ofisi. Sikusomea kompyuta popote, nilijifunza kwa simu yenye kioo kilichopasuka, nikibonyeza na kukosea, lakini tangu nijue, jirani akitaka fomu ya mtandaoni anabisha kwetu. Shida yangu ni kwamba karatasi isiyonyooka inaniumiza tumbo. Kadi ya kliniki ya mama nimeitia plastiki, cheti cha ubatizo cha mdogo wangu nimekitia plastiki, hata orodha ya zamu za kufagia kanisa niliona inateseka, nikaitia plastiki (mchungaji alishukuru, kisha akashindwa kubadilisha majina).

Sasa baba yangu ni dereva. Miaka mingi aliendesha gari la mkate, na kampuni ilipofunga akakaa nyumbani tangu Pasaka, akifagia mbele ya mlango mahali ambapo hapakuwa na uchafu. Halafu shule moja kule Umoja ikamwambia, tuna basi na tunakutaka, lakini leseni yako ni ya kile kitabu chekundu cha zamani, kwa hivyo tuletee kufikia Ijumaa karatasi ya kuonyesha umeshachukuliwa alama za vidole kwa ajili ya kadi mpya, ama tumchukue mwingine. Na huyo mwingine alikuwepo kweli. Baba alimkuta kwenye benchi nje ya ofisi ya mwalimu mkuu, kijana, amenyoa, ana kadi yake mpya tayari.

Nikaingia mtandaoni nikampatia miadi ya alama za vidole, Jumanne saa mbili asubuhi. Ningeishia hapo, msingekuwa mnasoma hii.

Jumatatu mchana nikapanga karatasi zote mezani: kitambulisho, nakala yake, fomu niliyoprinti, karatasi ya kundi la damu, na kitabu chekundu. Kitabu hicho jamani! Jalada limebanduka, kona zimelika, kinanuka dizeli. Nikajiona nikikipitisha kwenye kaunta na mtu wa ofisi akikishika kwa vidole viwili. Nikachukua simu, nikaingia pale pa kubadilisha miadi, nikabonyeza Alhamisi saa nne. Siku mbili zaidi za kutengeneza mambo yawe safi, basi.

"Mwaitu," baba akaniita (nina jina la mama yake, kwa hivyo tangu nizaliwe mimi ni mama yake, na kwa Kikamba ndivyo mama anavyoitwa), "Jumanne ilikuwa na ubaya gani?"

"Haina ubaya, baba. Ni karatasi haziko tayari."

"Karatasi ziko tayari. Ni wewe bado."

Nikamwambia aniachie. Huwa ananiachia, na hilo ndilo kosa lake la pekee.

Jumatano nikaenda kwa Onesmus, mwenye saiba, kile kibanda cha kompyuta karibu na steji ya matatu, nikampa faili nzima nikamwambia azitie plastiki karatasi zote.

"Hata hiki kitabu?"

"Hata hicho. Kifungue hapo penye picha, uso uonekane vizuri."

"Maze, Mwende, kurasa zingine si zitafungiwa ndani?"

"Zina nini? Wanataka picha na jina."

Onesmus akainua mabega. Mashine ikakohoa, ikakwama, akaisukuma, na kitabu kikatoka upande wa pili kikiwa moto, kimelala bapa, kinang'aa. Nilikiona kizuri mno hata nikakipiga picha nikaiweka kwenye stetasi marafiki waone. Baba sikumwonyesha. Nilitaka akione pale kaunta, afurahi.

Alhamisi tukafika mapema ofisi ya leseni, baba amevaa koti la mitumba la Gikomba nililolipiga pasi mara mbili. Mstari ulikuwa mrefu lakini ulisogea, na zamu yetu ilipofika tukampata mama mmoja wa makamo, miwani inaning'inia shingoni kwa kamba. Akapokea kitambulisho, sawa. Akapokea fomu, sawa. Akashika kitabu, akajaribu kufungua. Akakigeuza. Akajaribu tena kwa kucha. Mwishowe akakigonga kwenye kaunta, ko, ko, ko, kama mtu anayebisha hodi.

"Mzee, hii ni leseni ama ni menyu ya hoteli?"

Mwanamume nyuma yetu, aliyebeba helmeti ya bodaboda, akadakia, "Madam, niulizie kama matumbo yameiva!" Mstari ukapasuka kwa kicheko hadi kule nje, ambako hata hawakuwa wameona kitu.

"Madam, ni kwa ajili ya kukihifadhi," nikasema kwa sauti yangu ya ofisi.

"Kukihifadhi kutoka kwa nani? Kutoka kwangu? Mimi nataka ukurasa wa aina za magari. Kama mzee ameruhusiwa kuendesha basi nitajuaje?"

Baba akakichukua kitabu, akakitazama, akanitazama. "Mwaitu," akasema polepole, "umekipika?"

Basi kila mtu akawa fundi. Wa helmeti akaja na funguo, dada mmoja akajaribu kwa kucha zake ndefu, mzee mwingine akashauri tukiloweke. Askari wa mlangoni ndiye aliyeleta mkasi, akaanza kukata ukingoni taratibu, na angeachwa angemaliza salama. Lakini alikuwa anakata upande! Mkasi ulikuwa unapinda, na mimi mstari uliopinda siwezi kuutazama. Nikamnyang'anya. Nikakata pande zote nne, nimenyoosha kama rula, kisha nikashika plastiki kwenye kona nikaivuta kwa mara moja ili itoke safi.

Ilitoka safi. Ilitoka pamoja na picha. Uso wa baba, kijana mwenye ndevu chache ambaye sikuwahi kumjua, ulibaki umeganda kwenye plastiki mkononi mwangu, na kwenye kitabu kukabaki mraba mweupe.

"Woi!" akapiga kelele yule dada. "Amemng'oa mzee uso!"

Nililia. Sitawaficha, nililia pale kaunta kwa kwikwi, makamasi na yote, na kadiri nilivyolia ndivyo walivyocheka. Baba akaniwekea mkono kichwani, akawageukia watu.

"Msimcheke. Huyu ni mama yangu."

Watu wakanitazama mimi, miaka ishirini na tatu, wakamtazama yeye, mvi zake, kicheko kikaanza upya, hata yule madam akajipangusa macho. Lakini alipokwisha kujipangusa akawa mtu wa kazi. "Aina za magari sasa naziona. Basi limo. Ila kitabu kisicho na uso sikipokei. Nendeni stesheni ya polisi waandike kwamba kimeharibika, mniletee barua yao kabla ya saa kumi. Mkikosa leo, nafasi nyingine ni ya wiki ijayo."

Wiki ijayo! Na Ijumaa ilikuwa kesho. Nikamwona akilini yule kijana aliyenyoa akipanda basi la shule, akirekebisha kioo.

Stesheni kulikuwa na foleni yake, na tulipofika mbele saa zilikuwa zimekwenda. Afande akafungua daftari kubwa. "Kimeharibika vipi, na nani amekiharibu?"

Nilikuwa nimejiandaa njiani. Nilikuwa na maelezo kamili kichwani, yenye utangulizi. Nikafungua mdomo, na baba akanikanyaga kiatu.

"Andika ni mimi. Nilikiweka vibaya."

"Vibaya vipi, mzee?"

"Vibaya tu, afande."

Baba hakuwahi kukiweka vibaya hata siku moja. Kila asubuhi ya maisha yangu nilimwona akipapasa mfuko wa shati kabla ya kutoka, kuhakikisha kimo. Afande akaandika kwa mwandiko ulioinama, akafuta, akaandika tena juu ya alichofuta, na mimi kalamu sikumnyang'anya. Mnaonijua mnajua nilivyoumia.

Tulirudi mbio, koti la baba likipepea, tukamkuta madam akifunga droo. Akaipokea barua, akamchukua alama za vidole, kisha akamkalisha mbele ya kamera.

"Mzee, usicheke."

Baba akakaza uso, akanitupia jicho pale niliposimama na kile kipande cha plastiki nimekikumbatia, akacheka. Picha ya pili, akacheka. "Mzee, mdomo!" Ya tatu alijaribu sana, mashavu yakamtetemeka. Ya nne madam akakata tamaa.

"Wacha basi. Si ataendesha watoto? Acheke."

Ijumaa asubuhi nilikuwa nimemwekea ile karatasi ya alama za vidole ndani ya bahasha ngumu. Baba akaitoa, akaikunja mara nne, akaitia mfukoni, akaenda Umoja. Mimi nilikaa juu ya mikono yangu nisimpigie. Saa tano akanipigia simu: mwalimu mkuu ameisoma, ameikunjua na kuikunja tena yeye mwenyewe, na Jumatatu basi ni lake.

Kwa hivyo mbele yenu naapa: nikimpangia mtu faili tena, siku aliyopewa ndiyo siku, na akisema karatasi zake zinatosha, zitatosha, hata kama usiku huo nitaumwa tumbo.