Herufi ya Mwisho Haisomwi

Mtaani walimwita Kamusi. Kwa miaka ishirini na sita alikuwa mpiga chapa katika ofisi ya mawakili, na kila neno la Kiingereza lililomtoa jasho aliliandika kwenye daftari lake jeusi, maana upande huu, matamshi upande ule. Mtu akipata barua ngumu, alibisha hodi kwake. Seremala aliyechekwa na wateja kwa kusema "risipti" alikuja kuambiwa kwamba p ile ni bubu.

"Sasa wameiweka ya nini?"

"Kuna watu hawafanyi kazi, na kiti wanacho," Kamusi akamjibu.

Siku mdogo wake alipotoka hospitali na karatasi, Kamusi alivaa miwani akaliona neno lililopigiwa mstari: palliative. Hakulijua. Akafungua kitabu chake kikubwa cha maneno, kidole kikateremka ukurasani. Matibabu ya kutuliza maumivu bila kuponya ugonjwa.

"Wanasemaje, dada?" Mdogo wake alikuwa amejishika tumbo. "Nimwite binti yangu arudi, au nimwache amalize mkataba wake huko ng'ambo? Imebaki miezi mitano tu."

"Watakutuliza maumivu," Kamusi alisema, akafunga kitabu. "Mwache amalize."

Mdogo wake akashusha pumzi. "Basi nifundishe kulitamka, manesi wasinicheke."

"Pa-li-a-tiv. Ile e ya mwisho haisomwi."

Wiki nzima mdogo wake alilikariri akiosha vyombo, akikunja nguo, mpaka likamkaa mdomoni. Kamusi alilisikia kupitia ukuta wa chumba kila asubuhi. Kwenye daftari jeusi hakuliandika.

Jumatatu mdogo wake alirudi kutoka kliniki, akaketi bila kuvua viatu.

"Nimemtajia nesi lile neno lako. Hakucheka. Amenishika mkono, akaniuliza kama wanangu wako karibu."

Kamusi akavua miwani, akaanza kuifuta kwa pindo la gauni. Ilikuwa safi.

"Lisome tena, dada, na maana yake. Leo hata ile ya mwisho isome."

Akafungua kitabu. Alisoma mstari wote, sauti ikamkwama kwenye "bila", akarudia. Mdogo wake alisikiliza ameinamisha kichwa, kama mwanafunzi kwenye imla.

"Wiki nzima," alisema hatimaye, taratibu, bila kumwangalia. Kisha akanyoosha mkono apewe simu.