Nilimposea Kaka Yangu Mke ili Nione Besiboli

Nimekosa. Naanza na hilo ili usije ukanionea huruma mapema. Nilimtumia binti wa watu kama tikiti ya kuingilia nyumba yenye televisheni, na akili zangu zilikuwa timamu, mwanamke mzima wa miaka ishirini na sita.

Tena si kwamba nilifuata taarabu au filamu za Kimisri. Nilifuata besiboli! Cheka kwanza, ukimaliza unisikilize.

Besiboli niliijulia Unguja. Marehemu baba alikuwa mtunza stoo kwa Wamarekani waliokuwa na kituo chao cha mitambo huko shamba. Jumapili walifyeka majani, wakachora pembe nne, wakacheza. Mmoja anarusha mpira, mwingine anaupiga kwa gongo, na akiupata anakimbia pembe hadi pembe mpaka arudi alipoanzia. Mimi nilikuwa hodari wa hesabu, wakanipa ubao na chaki niwaandikie matokeo. Siku nyingine wake zao walifungua redio ya masafa mafupi, tukasikiliza timu za kulipwa za kwao. Basi nami nikawa na timu yangu! Mtoto wa Malindi ya Unguja, nimejitanda buibui, nashabikia timu ya mji ambao hata kwenye ramani siujui.

Mwaka sitini na nne mambo ya Unguja yakageuka, tukaondoka na tulichoweza kubeba. Tukafikia Matrah, Omani, bandari iliyo jirani na Maskati, mimi na mdogo wake baba, ambaye hakukaa sana duniani, na kaka yangu Seif. Mume wangu alikwenda Kuwait kutafuta riziki, mimi nikabaki kwa Seif kumpikia na kungoja barua.

Jamani, Maskati ya siku zile! Anayeiona leo haamini. Hakuna sinema, hakuna gazeti, milango ya mji inafungwa usiku ungali mchanga, na ukitoka baada ya hapo sharti uwe na fanusi mkononi. Kila kitu ruhusa. Na katika mji huo mimi natafuta pa kuangalia besiboli! Nilimuuliza Seif, akanishika kipaji cha uso kuona kama nna homa. Nilimuuliza dobi aliyefua nguo za kambi ya mafuta, akaniambia Wazungu wa pale wanapiga vimpira kwenye mchanga kwa fimbo nyembamba. Hiyo gofu! Nilikuwa nikirudi nyumbani nimenuna kama niliyetukanwa.

Aliyenipa habari ni nesi mmoja wa Kimarekani niliyekwenda kwake kung'olewa jino. Nilimuuliza huku pamba ingali mdomoni. Akacheka mpaka akaweka koleo chini. Akasema watu wao wa mafuta wana stesheni ya televisheni ng'ambo ya Ghuba, na michezo hiyo huonyeshwa mara moja kwa wiki, baada ya alasiri, kutoka kwenye filamu zinazokuja kwa ndege zikiwa zimeshapitwa na mwezi. Siku za joto kali picha huruka ikatua mpaka huku, siku nyingine isitue. Na chombo cha kuinasa alikuwa amekiona kwa macho yake katika nyumba moja tu, nyuma ya soko la Matrah, alipokwenda kumpima presha mwenye nyumba.

Mwenye nyumba alikuwa Bi Thuwaiba, mzaliwa wa Unguja kama sisi, ila yeye aliolewa Matrah zamani. Mumewe tajiri wa tende na nguo. Televisheni aliitoa Kuwait, na uani alifunga jenereta iliyonguruma kutoka alasiri mpaka isha.

Sasa utaingiaje? Kwetu hubishi hodi nyumba usiyozoeana nayo ukasema nimekuja kutazama televisheni. Watakuona huna haya. Sharti uwe na jambo: msiba, mgonjwa, uzazi, au posa. Nikachunguza. Hakuna aliyekufa, presha ya Bi Thuwaiba imeshashuka, na mtoto mchanga hawana. Kulikuwa na binti tu, Zuwena, miaka ishirini na mbili, hajaolewa.

Wallahi sikwenda nimepanga. Nilichukua kisahani cha halua nikaenda kama mtu wa kwetu aliyekuja kujuana. Nikakaribishwa, nikapewa kahawa, tukataja mitaa na waliokufa. Kumbe macho yangu hayabanduki kwenye lile sanduku pembeni, limefunikwa kitambaa cha kufuma. Bi Thuwaiba akaniuliza, kwa upole wa mtu aliyezoea kupokea watu, kama kuna lolote lililonileta.

Nikasema, "Nna kaka yangu hajaoa."

Ndiyo hilo! Maneno manne. Uso wa yule mama ulibadilika, akavuta mtandio wake vizuri, akaita ndani waongeze sambusa.

Na nikuambie kilicho kibaya zaidi. Seif alikuwa na mchumba. Binti ya mama yetu mkubwa, amebaki Unguja anangoja njia ya kutoka, na mahari yalishapelekwa. Nilijua fika.

Nikaanza kwenda kila wiki siku ya mchezo. Ukidhani niliona besiboli, umekosea! Mara ya kwanza kitambaa hakikufunuliwa. Nilikaa saa nzima nikionyeshwa kofia alizoshona Zuwena, viua vyake vidogo kama punje za ufuta, nami nasema mashallah huku meno yananiuma kwa hasira. Mara ya pili walifungua, ikatoka chengachenga na sauti ya mtu kama anazungumza ndani ya mtungi. Mara ya tatu picha ilikuja, nikamwona mrushaji kanyanyua mguu, na Bi Thuwaiba akapunguza sauti aniulize kaka yangu anasali msikiti gani. Mara ya nne jenereta ilikwisha mafuta. Nilirudi nikamgombeza Seif kwa sababu ya chumvi.

Mara ya tano ilikuwa safi. Wachezaji wamejaa pembe zote, mpigaji ameshika gongo, na hapo hapo Zuwena akaletwa na sinia la kahawa. Akasimama mbele yangu, ndipo anaposimamishwa binti atazamwe. Mbele ya televisheni!

Nikamwambia, "Sogea kidogo, mdogo wangu."

Akatazamana na mama yake. Akaweka sinia, akatembea polepole mpaka dirishani, akageuka, akarudi. Nikacheka kwa furaha, maana nimeona mpigaji anakimbia. Bi Thuwaiba aliponisindikiza mlangoni alinishika mikono yote miwili, macho yamejaa machozi, akasema, "Wote waliokuja wakimuona akitembea hawarudi. Wewe umetaka mwenyewe kumuona, na umecheka. Mungu akulipe."

Sikuelewa. Nilikuwa nimefika sokoni, nikakumbuka mwendo wake wa kwenda dirishani, ndipo nikaelewa. Yule binti alikuwa anachechemea! Mguu wa kushoto ulikuwa mfupi tangu homa ya utotoni, na mimi niliyeingia nyumba ile mara tano sikuwa nimeuona. Walidhani nimemtaka atembee niupime mguu, na kwamba nimeupima nikaridhika.

Hapo ndipo ningeacha. Mtu mwenye imani angeacha. Nilijilaza kitandani nikajiambia nitaacha. Wiki iliyofuata nesi akaniambia kwamba mchezo utakaoonyeshwa ni wa timu yangu, kaandikiwa na dada yake aliyeolewa na mtu wa stesheni. Nikaoga, nikajifusha udi, nikaenda.

Siku hiyo joto lilikuwa la kukausha mate, na picha ilikuwa nzuri kuliko siku zote. Timu yangu! Miaka mitano sijaisikia, leo naiona, fulana zao na kofia zao, kama watu wa kweli. Duru ya mwisho wako nyuma kwa pointi moja, wawili wako kwenye pembe wanangoja kukimbia. Moyo unanidunda. Bi Thuwaiba akasogea karibu yangu, akazungumza chini chini.

"Kuna mtu kaja kumposa Zuwena," alisema. "Wa Sohar, kafiwa na mkewe, mtu wa heshima, na habari ya mguu anaijua. Nimemjibu binti ana wenyewe. Nimekosea?"

Nilimsikia. Nisiseme uongo hapa, nilimsikia neno kwa neno. Na mrushaji alikuwa anazungusha mkono.

"Hukukosea," nikamwambia, wala sikugeuza shingo.

Mpira ukarushwa, gongo likapaa, na picha ikaondoka. Chengachenga tupu! Nikasimama, nikapiga lile sanduku kwa kiganja, katika nyumba ya watu. Picha haikurudi. Mpaka leo sijui kama aliupiga au hakuupiga, na aibu yangu ni kwamba usiku ule nililia kwa ajili ya hilo, si kwa ajili ya Zuwena.

Mambo yalifumuka baada ya mwezi. Mume wa Bi Thuwaiba alikutana na Seif sokoni, akamkumbatia, akamwita mwanangu, akamuuliza wazee watakuja lini. Seif hakuelewa. Akaeleza kwa adabu kwamba ana mchumba Unguja. Watu walikuwa wamejaa dukani wanasikiliza.

Alirudi nyumbani mchana, hakuvua viatu. Aliniuliza nimeahidi nini kwa jina lake, na kwa nani. Nikamweleza kila kitu, mpaka habari ya nesi. Akaniambia angalau ningekuwa nimefanya kwa chuki angejua pa kunishika. Akaenda yeye kuomba radhi kwa wale watu, kwa kosa ambalo hakulifanya. Chakula changu hakukila mpaka mke wake alipofika, zaidi ya mwaka!

Mimi nilikwenda siku ya pili. Nilitaka nimwone Bi Thuwaiba, nimpigie magoti. Mlango alifungua Zuwena mwenyewe. Nikaanza kulia. Yeye alikuwa mtulivu.

"Wanawake wote waliokuja hapa walinitazama mguu," alisema. "Wewe peke yako hukunitazama. Nikajua ama una moyo mzuri, ama hunioni kabisa. Nikachagua kuamini la kwanza."

Nikamwambia nitakwenda mwenyewe Sohar nimtafute yule bwana. Akasema ameshaoa, wiki iliyopita. Akaniambia mama yake kapanda presha na asingependa anisikie sauti. Akafunga mlango taratibu, wala hakuubamiza. Laiti angeubamiza!

Habari zilienea kwa watu wetu wote wa Unguja waliokuwa Matrah na Maskati. Harusi sikualikwa, na nikienda msibani wanawake walijisogeza mbali nami. Sikuwalaumu. Nani atanipokea sebuleni, naye ana binti ndani?

Miaka mingi imepita, nimeshakuwa bibi. Juzi nilipelekwa harusini Maskati, mtaa wa Ghubra, ukumbi mkubwa, taa zinaumiza macho. Nikamwona Zuwena. Mvi zimejaa, amekaa na watoto wa ndugu zake, na nikaambiwa na jirani yangu mezani kwamba yule hakuolewa, aliishi na mama yake mpaka alipomzika. Nikanyanyuka. Nilisema moyoni leo namwomba radhi mbele ya watu wote.

Nilipofika alinitazama, hakunitambua. Akadhani natafuta pa kukaa! Akasogeza mkoba wake, akanipisha kiti kilichokuwa karibu naye, akaniuliza kama nina watoto na kama nimewaozesha. Nikamjibu ninao wanne, wote wameoa na kuolewa. Akasema alhamdulillahi, akanimiminia juisi. Na mimi, mwoga, nikainywa mpaka mwisho nikaaga. Ndiyo maana naandika haya bila jina.

Wewe unayesoma, sikuambii usiwe na kitu unachokipenda. Penda mpira, penda ngoma, penda unachotaka. Ila usiingie nyumba ya watu kwa ahadi usiyonayo, hata kama kule ndani kuna kitu ambacho roho yako imekitafuta miaka. Na kama umeshaisema, usingoje mpaka usahaulike. Nenda leo, sema hukuwa mkweli, ukubali kufukuzwa, maana huenda kesho asubuhi mtu wa heshima akabisha hodi pale, wakamrudisha kwa sababu yako.