Kilichofutwa Pamoja na Antivairasi

Ukiuliza fundi kompyuta hapa Masumbwe, watu watakuelekeza kwa Onesmo. Halafu mmoja wao atashusha sauti aongeze, "Yule aliyepoteza orodha ya makaburi." Nikiwa karibu huwa najifanya napanga karatasi. Mimi ni Zipora, Mama Blessing, mwenye steshenari iliyopakana na kibanda chake, na habari hii naijua kuliko wote wanaoisema.

Onesmo hakusomea kompyuta popote. Aliwahi kushuka duarani kuchimba dhahabu, msimu mmoja tu. Udongo ukamfunika mwenzake, naye akapanda juu na hakurudi tena. Akaanza kufungua redio, baadaye simu, mwishowe kompyuta. Ni mpole mpaka anakera. Hafuti kitu kabla hajakuuliza, hata picha ya kisigino cha mtu iliyopigwa kwa bahati mbaya. "Mama Blessing, hii ni yako? Niifute?" Nilikuwa namtania, "Hivi wewe ni fundi au karani wa sensa?" Anacheka, halafu anauliza tena.

Mwaka juzi mgodi mpya ulichukua eneo la kitongoji chetu cha zamani. Makaburi yakatakiwa yahamishwe, na kila kaburi liwe na jina na ndugu wa kulipokea. Sasa makaburi yetu mengi hayana msalaba wala saruji. Aliyeyajua yote ni Mayu Mageni, bibi aliyezika watu wa kitongoji kile tangu ujana wake. Onesmo akampakia kwenye pikipiki, wakazunguka huko kutwa nzima, bibi akisema na yeye akiandika.

Pembeni ya uzio wa minyaa kulikuwa na vituta vitatu vidogo, vya watoto wachanga. Kimoja kilikuwa cha mtoto wa kwanza wa Nyamizi, mwanamke mzaliwa wa kitongoji kile. Kwetu kichanga kikifariki, mama yake haendi kuzika. Anabaki ndani amelala, wanawake wazee wanakichukua, na hakuna anayemwambia wamekilaza wapi. Nyamizi alikaa miaka thelathini hajui. Onesmo alipompigia simu kule Ushirombo alikoolewa, kumwambia kaburi la mwanawe limejulikana na limeandikwa, alilia mpaka simu ikakatika.

Orodha ile Onesmo aliichapa kwenye kompyuta yangu. Wino wa printa ulikuwa umeisha, tukasema tutaitoa siku mwenyekiti wa kitongoji akija na mhuri. Wiki iliyofuata Mayu Mageni akafariki. Na zile karatasi alizoandika Onesmo kwa mkono? Jamani! Sisi wenye steshenari karatasi zilizotumika tunawauzia wauza karanga wafungie. Nilizikusanya pamoja na nyingine, wala sikutazama.

Kompyuta yenyewe niliinunua ikiwa imetumika, ikaja na antivairasi iliyokwisha muda. Weee, kile kitu kilikuwa king'ang'anizi! Kila dakika dirisha jekundu, mashine inakwama, wateja wananuna. Ukitaka kuiondoa inadai nenosiri, na aliyeliweka hata simjui. Ukiizima kwa nguvu ukawasha upya, hiyo hapo imerudi. Asubuhi moja, siku ya mwisho ya watu kutuma maombi ya kazi, ilikwama mara tatu mfululizo. Nikawaka. Nikamwita Onesmo kwa kelele, "Itoe hii takataka leo, itoe na mizizi yake!"

Akaja. Akaiwasha mashine kwa ile njia inayofungua vitu vichache tu, ili antivairasi isiamke ikajitetea. Akaiondoa kwa programu maalumu ya kuing'olea. Ikatoka. Kisha akaanza kufukua mabaki, folda moja moja, na kwenye folda moja akasimama.

"Mama Blessing, humu ndimo ilikuwa inafungia mafaili iliyoyashuku. Yamo mengi, na majina imeyabadilisha, siwezi kujua lipi ni lipi. Niyarudishe kwanza tuyaangalie? Ni nusu saa tu."

Foleni ilikuwa imefika barabarani. "Yenye virusi ya nini? Futa!"

"Una uhakika hakuna chako?"

"Onesmo, usinichoshe! Futa yote!"

Akafuta moja kwa moja, bila kupitia kapu la taka. Mashine ikawa nyepesi, nikamnunulia soda. Nilifurahi siku ile, Mungu anisamehe.

Siku tatu baadaye mwenyekiti akaja na mhuri wake. Tukaitafuta orodha, hakuna. Flashi ya mteja mmoja ilikuwa imeleta virusi, vikaingia kwenye faili lile, antivairasi ikalifungia. Onesmo alielewa kabla yangu. Alikaa na programu za kurudisha mafaili siku mbili, chakula hakimpiti, akaambulia majina nusunusu na alama zisizosomeka. Makaburi ya watu wazima ndugu waliyatambua wenyewe kwa kusaidiana. Vile vituta vitatu hakuna aliyevijua.

Siku ya kuhamisha, Nyamizi alikuja na kitenge kipya cha kumfungia mwanawe. Onesmo akamwamkia, naye akaitikia marahaba, akasema, "Haya baba, nionyeshe."

Nikamnong'oneza Onesmo, "Mwonyeshe chochote, moyo wake utulie." Akatikisa kichwa.

"Mama, bibi alisema cha katikati au cha mwisho, sikumbuki. Siwezi kukudanganya. Orodha niliifuta mimi. Nisamehe."

Nilikuwa nimesimama hatua mbili tu kutoka kwake. Alinitazama mara moja, akainamisha uso. Hakusema kwamba aliniuliza, tena mara mbili. Nami sikusema. Hata leo wakimwita hivyo wanavyomwita, nasikia, na nanyamaza. Najuta kwa kufuta, lakini kwa kunyamaza najuta zaidi.

Nyamizi hakumtukana. Alikichana kitenge vipande vitatu, akawapa wale wafukuaji, kila kituta kipande chake, akawalilia watoto wote watatu. Kisha akanijia, akaushika mkono wangu kwa mikono yake miwili.

"Asante, Mama Blessing. Nimesikia ulitoa kompyuta yako bure kwa kazi yetu."

Nikaitikia, "Usijali, mama." Onesmo alikuwa pale pale, anasikia.