Siku Niliyomlilia Mzee Nisiyemjua

Jamani, hii aibu nimeikalia vya kutosha, na mkitaka kucheka ngojeni nimalize, maana hata mimi nikiikumbuka natamani kujifunika leso uso mzima.

Mnajua kazi yangu ni kuchora, na siku hizi nachora mahali nilipoishi nikiwa mtoto, kwa hivyo nikatoka Mwingi kwenye jua na vumbi nikaenda Nunguni kutafuta nyumba ya susu (nyanya yangu, aliyenilea), nyumba ya matofali yenye mlango wa buluu, ambayo sikuwa nimeiona tangu tumzike. Nilifika asubuhi, ukungu umelala juu ya mashamba, miparachichi inaonekana nusu nusu kama picha ambayo haijaisha. Mwenye duka akaniuliza, "Unatafuta boma la nani, madam?" Nikamjibu, "Asante, napajua." Hapo ndipo nilipojiharibia.

Miguu ilinipeleka yenyewe. Nikashuka kijia, nikasikia harufu ya moshi wa kuni, na mlango wa buluu ukatokea ukielea kwenye ukungu, nikakaa juu ya jiwe nikatoa rangi, nachora nalia, nalia nachora (mtu mzima na makamasi yake), kumbe ukungu unainuka pole pole na nyuma yangu kuna hema, viti vya plastiki, na umati mzima unanitazama kimya. Mazishi!

Mama mmoja akanishika mkono. "Pole, mwanangu, usilie peke yako." Akanikalisha mbele, na familia. Kabla sijapata maneno, mchungaji akasema, "Kuna mgeni wetu hapa analia kutushinda sote. Aje atuambie neno."

Ningesema nimepotea, yangeisha. Lakini nilikuwa bado ndotoni, macho kwenye ule mlango, nikajisikia nikisema, "Hapa ndipo nilipojifunzia kutembea. Nikishikwa na homa nilibebwa mgongoni usiku kucha. Hakuna mtu amewahi kunipenda kama mwenye nyumba hii."

Watu wakaguna. Kijana mkubwa wa marehemu akasimama. "Dada, mama yako ni nani? Baba hakutuambia ana msichana mahali."

Ndipo nikatazama picha juu ya jeneza: mzee wa kofia, masharubu mpaka kwenye mashavu. Mjane wake alikuwa ananiangalia, midomo inatetemeka, na ule uso ndio ulioniamsha.

"Huyu mzee simjui," nikasema, na maikrofoni ikayapeleka maneno mpaka ng'ambo ya bonde.

Nilipomaliza kueleza, mjane akaanza kucheka huku machozi yanatiririka. "Susu wako alikuwa jirani yetu. Nyumba zetu zilijengwa na fundi mmoja, milango ikapakwa rangi ya mkebe mmoja. Nyumba yake ilibomolewa kitambo." Akanivuta karibu. "Lakini wewe! Nusura unizikishe mume wangu mara mbili."

Akaiomba ile picha niliyochora, nikampa. Halafu akanionyesha upande wa pili wa kijia, palipokuwa kwa susu, nikaenda. Palikuwa na nyasi za ng'ombe tu, zimenifika mabegani, zinainama na upepo, nikasimama katikati yake nikijaribu kukisia jikoni palikuwa wapi, na kusema kweli chozi halikutoka hata moja, yote nilikuwa nimeyamalizia kwa mzee wa watu.

Kuchora sitaacha. Lakini nimeapa, sitalia tena popote kabla sijauliza msiba ni wa nani.