Kadi ya Gitonga

Kuna Jumamosi moja pale Ruiru, mwanangu, ambayo mpaka leo naiombea msamaha. Michezo ya maswali mnayoitazama kwenye televisheni, sisi tuliiona juu ya lori la kuuza sabuni, mwishoni mwa miaka ya hamsini. Muulizaji wake aliitwa Gitonga. Mkono mmoja alishika kadi ya maswali, mwingine kipaza sauti. Mara ya kwanza nilimwona sokoni Thika.

"Mama, ukijibu hili, sabuni ni yako. Ukikosa, leo utaoga maji matupu," alisema, na soko zima likacheka.

Mimi sikucheka. Miaka ile ya Hali ya Hatari tulizoea kumshuku hata jirani, na kwa kuwa nilikuwa nimesoma misheni, nilijiona mlinzi wa ukweli. Siku hiyo fundi cherehani mmoja alijibu maswali yote akapewa blanketi. Wiki iliyofuata nikamkuta fundi yuleyule Ruiru, akijibu maswali yaleyale, kwa mpangilio uleule. Nikajipenyeza hadi mbele. Gitonga alikuwa ameshika kadi juu chini, maandishi yamepinduka.

"Huyu hasomi chochote," nikapaza sauti. "Amemuuzia fundi majibu."

"Maswali haya niliyasikia Thika wiki iliyopita," fundi akajitetea, lakini nani angemsikiliza?

Msimamizi wa lori akashuka, akaigeuza kadi, akamwonyesha Gitonga swali la katikati, akamwambia asome. Gitonga akairudisha juu chini.

"Tusomee basi, mwalimu," watu wakamzomea.

Hakuwa mwizi, mwanangu. Hakujua kusoma. Msimamizi akampokonya kipaza sauti, na kazi yake ikaishia hapo.

Nilimfuata njiani nikajitolea kumfundisha.

"Sasa nisome ili iweje?" akaniuliza. "Mke wangu ndiye aliyenisomea hayo maswali mpaka nikayashika. Ungenivuta kando, ndugu yangu, ningekwambia."

Sikumwona tena juu ya lori lolote.

Sikukosea kuiona ile kadi. Nilikosea kujipa jibu kabla sijauliza. Jicho lako likiona jambo lisilokaa sawa, usilifumbe. Lakini mwendee mwenyewe kwanza, mkiwa wawili, umuulize kwa upole na umsubiri ajibu. Kuwaita watu kunaweza kungoja. Mungu, ambaye amenivumilia miaka yote hii, akujalie macho yanayoona vizuri na ulimi usio na haraka, na siku utakapokuwa wewe unayeshukiwa, akuletee mtu wa kukuuliza kando.