Mbinuko, na Kipande cha Barabara ya Mashewa

Siku yangu ya kwanza kazini nililazwa chini barabarani. Nilikuwa nimeripoti asubuhi katika ofisi ya ujenzi pale Handeni, nikiwa na cheti cha ufundi sanifu, shati jeupe lililopigwa pasi na viatu vilivyong'arishwa. Inspekta wa Barabara, mzee mfupi mwenye kofia ya turubai, hakunikaribisha kiti. Alinipakia garini hadi nje ya mji, akasimama kwenye barabara ya udongo, akaniuliza mbinuko ni nini.

Nilimjibu kama nilivyofundishwa. Kioo mbinuko ni kile ambacho uso wake unaoakisi mwanga umetokeza kwa nje. Lenzi mbinuko ni ile iliyo nene katikati na nyembamba pembeni. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Umesoma," akasema. "Sasa lala."

Nikamwuliza nilale wapi.

"Hapo hapo ulipo. Shavu chini, jicho moja lifumbe, utazame ng'ambo."

Nikalala. Mtu mmoja aliyekuwa akipita na baiskeli yenye magunia mawili ya mkaa alishuka, akamwamkia Inspekta, kisha akanitazama kwa huruma. "Huyu kagongwa na nini, mzee?"

"Na elimu," Inspekta akajibu. "Ataamka."

Kutoka pale chini niliona jambo ambalo aliyesimama halioni. Mtaro wa upande wangu ulikuwa karibu na miguu yangu, lakini mtaro wa ng'ambo haukuonekana; mgongo wa barabara ulikuwa umeuficha. Inspekta alisema kwamba siku nitakapolala hivyo na kuuona mtaro wa ng'ambo, nijue kwamba barabara hiyo imekwisha kufa, hata kama bado magari yanapita juu yake.

Naandika haya nikiwa mstaafu, kwa ajili ya vijana wanaoingia katika kazi hii sasa. Naandika kwa hasira, na sitaiombea radhi. Nimeona vijana wenye vyeti vikubwa kuliko changu wakikagua barabara kwa kupiga picha kwa simu wakiwa ndani ya gari, kisha wakaandika katika taarifa kwamba uso uko vizuri. Neno "vizuri" si neno la fundi. Fundi ana neno lake, na neno hilo lina mipaka.

Mipaka yenyewe ni hii. Umbo ni mbinuko iwapo, ukichukua nukta mbili zozote za uso wake na kuziunganisha kwa mstari ulionyooka, mstari wote unapita ndani ya umbo lenyewe. Ikiwa hata sehemu ndogo ya mstari huo inaning'inia hewani, umbo hilo si mbinuko. Kinyume chake ni mbonyeo, yaani uso uliodidimia kati. Maneno haya mawili hufuata jina bila kubadilika: tunasema kioo mbinuko, lenzi mbonyeo, uso mbinuko. Hayasemwi bila kutaja upande. Mgongo wa kijiko ni mbinuko na tumbo lake ni mbonyeo, nacho ni kijiko kimoja kilekile. Katika barabara, hata hivyo, hatuna hiari ya kuchagua upande wa kutazamia, kwa sababu mvua imekwisha kutuchagulia. Barabara hutazamwa kutoka juu, maji yanakotoka.

Wala mbonyeo si tusi. Drifti, yaani kivuko cha zege kinacholazwa chini katika korongo ili maji yapite juu yake, hutakiwa kuwa mbonyeo, na ole wake atakayeiinua kati. Kosa ni kuliweka umbo mahali pasipo pake, na kosa kubwa zaidi ni kuliita kwa jina la lingine.

Kutoka Handeni nilihamishiwa Segera, nikasimamia matengenezo chini ya Msimamizi wa Kambi ambaye hakupenda kuzungumza. Kwake nilijifunza ubao wa mgongo. Ni ubao uliochongwa ukingo mmoja kwa mshazari. Ukiulaza juu ya barabara kutoka katikati kwenda pembeni, na pimamaji juu yake ikatulia sawa, basi mteremko ni ule unaotakiwa. Kisha nikapelekwa Korogwe, na huko ndiko nilikokabidhiwa vikundi vya vijijini, vilivyotengeneza barabara kwa majembe, sururu, reki na mikokoteni.

Kikundi cha upande wa Mashewa kiliongozwa na Mama Hiza, mjane aliyenizidi umri kwa miaka kama kumi. Baba yake alikuwa amekuja kukata mkonge katika mashamba ya Korogwe, akaoa Mzigua, hakurudi kwao. Mama Hiza hakuwa amemaliza shule, na sijapata kuona mtu aliyelielewa neno mbinuko kuliko yeye. Ubao wangu aliutumia, lakini hakuuamini, kwa kuwa ubao hupima nusu ya barabara tu. Kila jioni kabla ya watu kuondoka aliwaamuru wawili wavute uzi kutoka ukingo hadi ukingo, karibu kabisa na ardhi. Kisha alipiga magoti na kujaribu kupitisha ngumi chini ya uzi. Kama mgongo wa barabara uliusukuma uzi juu, kipande kilipokelewa. Kama ngumi ilipita, mwenye kipande alibaki.

"Hiki cha nani?" nilimsikia siku moja akiuliza.

"Changu, mama," akajibu mwanamume mmoja aliyekuwa amekwisha kunawa miguu.

"Chako, au umewajengea vyura?"

"Mama, ngumi yako ndogo. Ingekuwa ya mwanamume isingepita."

"Basi lete ya kwako. Na ikipita, usiku huu ulale hapa uwaimbie."

Watu walicheka, na yule mwanamume akarudi kwenye jembe. Nilipokuwa nikieleza hapo juu kuhusu nukta mbili na mstari, kumbe nilikuwa nikieleza uzi wa Mama Hiza. Vitabu vilisema jambo lilelile alilosema yule mama. Barabara yao ilidumu masika baada ya masika, na wagonjwa wa Mashewa walifika hospitali ya Korogwe wakiwa wamekaa ndani ya gari.

Ukaja uamuzi wa kuiboresha barabara hiyo kwa mashine. Mkandarasi alileta greda, dereva akakwangua kipande kizima kwa muda mfupi ambao kikundi kisingemaliza hata mtaro mmoja. Nilipofika kukagua, uso ulikuwa laini na mwekundu, wa kupendeza macho. Lakini dereva alikuwa amekwangua katikati na kuuacha udongo wote pembeni, umelala kama tuta pande zote mbili. Nililala juu ya tuta, na umri wangu ule, nikauona mtaro wa ng'ambo, hadi nyasi zake.

Mhandisi aliyekuwa mkuu wangu alikuwepo. Kikundi nacho kilikuwepo, kimekuja kuona mashine ilivyoifanya kazi yake. Mama Hiza alisogea mbele. Aliwaita wawili, wakavuta uzi. Hakupitisha ngumi. Alichukua chungwa kutoka kwenye kikapu cha mwenzake, akalibiringisha chini ya uzi, likapita bila kuugusa.

"Bado moja," akasema, akalibiringisha la pili kando yake. "Mnaona? Hata wakikutana njiani wanapishana."

"Mama," Mhandisi akasema, "huo uzi umeidhinishwa na nani?"

"Na mvua, bwana mkubwa."

Mhandisi alinivuta kando. Alisema wageni wa kufungua barabara wanafika kesho yake, na hati ya kupokea kazi anaitaka mezani kabla ya jua kuzama. Nilimweleza kwamba uso ni mbonyeo, kwamba greda ikirudi kwa siku mbili tu inaweza kuurejesha udongo wa pembeni katikati.

"Greda inakwenda Mkumbara. Itarudi baada ya masika."

"Basi hati nayo isubiri baada ya masika, Mhandisi."

"Na wewe utasubiria wapi?" Alisema kwa upole, kama anayeuliza habari za nyumbani. "Umebakiza miaka mingapi ustaafu?"

"Minne."

"Wapo wanaohamishwa, wakaimalizia minne yao mahali ambapo hata ugali wanauomba kwa ishara. Saini, mzee mwenzangu. Barabara inapendeza. Nani atalala chini kuitazama?"

Katika hati ile palikuwa na mstari uliosomeka: Umbo la uso wa barabara. Nilitoa kalamu. Sikushikwa mkono. Sikuwa mgonjwa wala sikudanganywa. Kwa mwandiko wangu, ambao tangu shuleni walimu waliusifu kwa unadhifu, niliandika mbinuko, nikatia saini.

Mama Hiza alikuwa akiuzungusha uzi wake kwenye kijiti. "Umeandika nini, fundi?"

"Nimeandika kinachotakiwa."

"Sawa," akasema. "Wewe ndiye unayejua kuandika."

Masika yale hayakuwa makubwa; nasema hivyo kwa sababu baadaye ofisini walisingizia mvua. Maji yalianguka juu ya barabara, yakatafuta njia ya kwenda pembeni, yakakuta tuta, yakageuka na kufuata katikati. Wiki ya tatu, kipande chote kilikuwa kijito, na chini ya maji korongo lenye kina cha magoti. Mkwe wa Mama Hiza, mke wa mwanawe wa mwisho, alishikwa na uchungu asubuhi. Zahanati ikaona mtoto amekaa vibaya, ikaagiza apelekwe Korogwe. Gari la wagonjwa lilikuja, likakwama mwanzo wa kipande. Wanaume wakambeba kitandani, wakipita ndani ya maji, wakianguka na kuinuka. Mtoto alizaliwa kabla ya kulifikia gari. Hakulia. Mama yake aliokolewa hospitali.

Nilikwenda msibani. Mama Hiza alikuwa ameketi kwenye mkeka na wenzake wa kikundi. Nilivua viatu, nikainama, nikamwambia shikamoo. Hakuitikia. Wanawake wale walitazama chini, nikabaki nimeinama.

"Wenzangu hapa wanamlaani dereva wa greda," akasema mwishowe. "Dereva kijana, anaendesha anavyoambiwa. Wanamlaani bwana mkubwa. Yule macho yake yalikuwa kwenye saa. Mimi siwezi kuwalaani hao. Hawakuwa wanajua, fundi. Wewe ulikuwa unajua."

Hasira hii nimekaa nayo tangu siku ile. Nimeielekeza kwa Mhandisi, aliyepandishwa cheo. Nimeielekeza kwa mkandarasi, aliyepewa kipande kingine. Wote wawili wanaistahili, na nikikutana nao nitawaambia hivyo. Lakini kila ninapoipeleka kwao inarudi, kwa sababu mkandarasi hakuwa na ujuzi wa kuona, na Mhandisi hakuwa na nia ya kuona, na mimi nilikuwa na vyote viwili, na kalamu.

Walinifanyia hafla ya kuniaga pale Korogwe. Afisa Utumishi alisoma kwamba katika utumishi wangu wote sijawahi kugombana na mkubwa wangu hata mmoja. Watu wakapiga makofi. Niliposimama kushukuru nilisema kwamba hayo niliyosomewa ni mashtaka, wala si sifa. Wakacheka, wakidhani mzee anatania, kisha wakaleta pilau.

Mwezi uliofuata nilirudi ofisini kuomba hati ile isahihishwe. Niliandika barua, haikujibiwa. Nikaandika ya pili, nikaipeleka kwa mkono wangu hadi masjala, chumba cha kutunzia mafaili, na kijana wa pale alinipokea kwa adabu zote.

"Shikamoo, mzee. Lakini hilo faili limefungwa. Na barabara yenyewe imeshachongwa upya tangu hapo. Sasa utasahihisha nini?"

"Nilichoandika."

Akafikiri, maana alikuwa kijana mwema. "Kuna fomu ya malalamiko. Unamlalamikia nani?"

"Mimi mwenyewe."

"Ya hivyo haipo, mzee. Mtu hajilalamikii."

Kwa kuwa ofisi haina fomu, nimeitumia nafasi hii. Vijana, mtapewa hati mkiwa mmesimama juani, mkuu wenu akitazama saa, na uso wa barabara ukipendeza. Hakuna atakayewatisha kwa panga. Watawauliza kwa upole tu mmebakiza miaka mingapi. Kinachoombwa wakati huo kitaonekana kidogo, neno moja katika mstari mmoja, na mtakuwa mnalijua neno lenyewe na kinyume chake. Ndiyo maana mmesomeshwa. Asiyejua akiandika uongo, amekosea. Nyinyi mkiandika, hilo si kosa, na msikubali mtu yeyote awafariji kwa kuliita hivyo.

Kuhusu hati ya kupokea kazi ya kipande cha Mashewa, niliyoijaza na kuitia saini kwa hiari yangu nikiwa na akili timamu: katika mstari wa umbo la uso wa barabara, neno lililoandikwa lifutwe. Mahali pake pasomeke: mbonyeo.