Karai la Waridi la Jangwani

Miaka ile biashara ya sukari iliponoga, mume wa shangazi Zilpah aliisafirisha kwa lori hadi Lodwar. Kutoka huko alimletea waridi la jangwani, shina nene kama goti, akamwonya asilinyweshe maji ovyo, lisije likaoza. Hapa Navakholo mvua haituulizi, kwa hivyo shangazi alilipanda kwenye karai akaliweka barazani. Lilichanua miaka sita.

Mume alipofariki, waombolezaji walijaa wiki nzima, na kila aliyekuja kula obusuma, ugali wetu, alinawa mikono juu ya karai lile. Siku ya wafiwa kunyolewa nywele, shangazi alilishika shina. Likang'oka, laini kama ndizi iliyooza.

"Nani alikuwa anawanawisha watu hapa?" akauliza.

Jagi la kunawishia lilikuwa bado mkononi mwangu.